Kumvisha Kijana na Kumwambia Sababu

Mzazi anayemwambia mwanawe wa kiume "pandisha suruali" amesema neno la haki. Akiishia hapo, kazi yake ameifanya nusu. Kijana ataipandisha mbele ya baba, na akishakata kona ataishusha, kwa kuwa alichopewa ni amri, na amri haivuki upeo wa macho ya mwenye kuitoa. Kinachotoka na mtoto mlangoni ni sababu. Kwa mtoto mweusi wa kiume, sababu hiyo ina historia ndefu, na sehemu yake kubwa imepita Marekani, nchi ambayo mitindo yake vijana wetu wa Temeke, Kisauni na Eastleigh wanaivaa kila siku: jinzi pana, kapelo, raba, sweta lenye kofia. Nguo zimefika. Masimulizi yake hayakufika, na wa kuyafikisha ni sisi wazazi.

Naamini malezi ya mavazi yana nguzo mbili zisizotengana. Ya kwanza ni kumfundisha kijana kujistahi katika anachokivaa. Ya pili ni kumhakikishia kwamba utu wake ulikuwapo kabla ya nguo, na utabaki hata akivuliwa. Mzazi anayeishika ya kwanza peke yake hulea kijana anayeishi kwa macho ya watu. Anayeishika ya pili peke yake hulea asiyejali lolote. Historia ya mavazi ya wanaume weusi inazifundisha zote mbili, tena kupitia watu tunaoweza kuwataja kwa majina.

Tuanze na sheria. Mwaka 1739 watumwa waliasi karibu na mto Stono, katika koloni la South Carolina. Mwaka uliofuata, 1740, watawala wakatunga sheria kali ya kuwadhibiti, na ndani yake wakaweka kifungu cha mavazi. Mtumwa hakuruhusiwa kuvaa kitambaa kilichozidi ubora wa vitambaa duni vilivyoorodheshwa humo, isipokuwa wale watumishi waliovalishwa sare na mabwana zao. Aliyekutwa amevaa kizuri zaidi alivuliwa, na aliyemvua akaruhusiwa kuichukua nguo hiyo iwe mali yake. Watu waliotoka kuzima maasi ya silaha walikaa kitako kuandika juu ya vitambaa. Walijua kwamba mtu akivaa kama mtu huru, wanaomwona huanza kumchukulia kama mtu huru, na yeye mwenyewe huanza kujiona hivyo.

Olaudah Equiano, aliyekuwa mtumwa, alilijua hilo kutoka upande wa pili. Mwaka 1766, katika kisiwa cha Montserrat, alijinunua kwa pauni 40 alizozikusanya kwa biashara ndogondogo, bilauri na vitu vingine vidogo, safari hadi safari. Kabla hajapata hati ya uhuru, alikuwa ameshatenga zaidi ya pauni nane kununua suti ya kitambaa bora, rangi ya buluu, ya kuchezea ngoma siku atakapokuwa huru. Pigeni hesabu: zaidi ya moja ya tano ya bei ya mwili wake aliitoa kwa nguo ya siku moja. Mtu wa mbali anaweza kuiita anasa. Aliyewahi kuvishwa na mtu mwingine tangu utoto ataelewa. Ile ilikuwa nguo aliyoichagua mwenyewe, kwa fedha yake mwenyewe, kwa ajili ya furaha yake mwenyewe. Mwaka 2025, makumbusho ya Metropolitan ya New York yalipofungua maonyesho makubwa ya mavazi ya wanaume weusi, jina la maonyesho lilitokana na kitambaa kile cha Equiano.

Frederick Douglass alizaliwa mtumwa Maryland mwaka 1818 au karibu na hapo. Katika kitabu chake cha mwaka 1845 anaeleza kwamba watoto wa shambani hawakupewa viatu wala suruali. Mgao wao ulikuwa mashati mawili ya kitani kigumu kwa mwaka. Yakiisha kabla ya siku ya mgao, mtoto alikaa uchi, awe wa kike au wa kiume, iwe kiangazi au baridi kali. Usiku yeye aliiba gunia la kubebea mahindi, akaingiza kichwa humo na kulala kwenye sakafu ya udongo, miguu ikibaki nje, na baridi iliipasua nyayo hadi zikaacha mipasuko ambayo kalamu ingeweza kulala ndani yake.

Alipokuwa na umri wa miaka saba au minane, aliambiwa anapelekwa Baltimore, na kwamba atapewa suruali iwapo atajisugua hadi magamba yote ya miguu na magoti yatoke. Siku tatu alishinda mtoni akijisugua. Hadi siku hizo hakuwahi kumiliki suruali. Ningependa kila baba amsomee mwanawe sehemu hiyo kwa sauti, kisha anyamaze kidogo amwache mtoto afikiri. Suruali ambayo leo tunagombana kuhusu kimo chake kiunoni, mtoto wa rika lake alijichubua ngozi siku tatu ili aipate.

Mwezi Septemba 1838, Douglass alitoroka utumwani kwa treni akiwa amevaa kama baharia: shati jekundu, kofia ya baharia, kitambaa cheusi kilichofungwa shingoni kwa namna ya watu wa melini. Aliyajua maneno na mwendo wa mabaharia kwa sababu alikuwa amefanya kazi katika viwanja vya kuunda meli. Nguo ile ilimsaidia kuvuka. Baadaye, akiwa mtu huru na mhubiri wa kukomesha utumwa, alipigwa picha nyingi kuliko Mmarekani mwingine yeyote wa karne ile. Zinazojulikana leo ni takriban 160. Karibu katika zote amevaa koti lililokatwa vizuri, kola safi, uso mkavu bila tabasamu. Magazeti ya wakati ule yalimchora mtu mweusi kama kichekesho. Douglass aliamua kwamba yeye hatachekwa, na mwili wake wote, kuanzia nywele hadi kola, ukasema hivyo.

Wasomaji wa pwani wasidhani haya ni ya ng'ambo tu. Unguja na Pemba, kabla hadhi ya kisheria ya utumwa haijafutwa mwaka 1897, mtumwa mwanamume alitambulikana kwa miguu mitupu na kichwa kisichofunikwa. Viatu, kanzu nzuri na kofia vilikuwa vya waungwana. Baada ya uhuru, waliokuwa watumwa na watoto wao walizivaa kanzu na kofia, wakaingia nazo msikitini, barazani na harusini, wakihesabiwa watu miongoni mwa watu. Kijana anayeona uvivu kuvaa kanzu siku ya Ijumaa anapaswa kuambiwa na babu yake kwamba katika mji huohuo, si zamani sana kwa hesabu ya vizazi, wapo waliozuiwa kuivaa.

Hadi hapa nimeizungumzia nguzo ya kwanza. Ya pili haikufundishwa na yeyote kwa uzuri kuliko mama mmoja aliyekuwa mpishi utumwani, hakujua kusoma, na jina lake lilikuwa Jane. Mwanawe, Booker T. Washington, alikuja kuwa mkuu wa kwanza wa chuo cha Tuskegee mwaka 1881, na mwaka 1901 alichapisha kitabu cha maisha yake. Humo anaeleza kuhusu mashati ya kitani waliyovishwa watoto, yaliyotengenezwa kwa makapi ya kitani. Shati likiwa jipya lilichoma ngozi kama miiba. Kaka yake, John, mara kadhaa alilivaa yeye kwanza, akaumia kwa niaba ya mdogo wake kwa siku kadhaa, mpaka shati lilipolainika. Kila nyumba yenye watoto wa kiume zaidi ya mmoja ingefaa iujue mkasa huu. Kaka mkubwa leo hurithisha nguo zilizombana. John aliipokea ya kuumiza kabla haijamfikia mdogo wake.

Baada ya vita ya wenyewe kwa wenyewe ya Marekani kuisha na uhuru kuja, familia ilihamia Malden, West Virginia. Booker alipoanza shule alikuta watoto wote wana kofia, naye hakuwahi kuwa nayo. Akamwendea mama. Wakati huo kofia ya dukani ilikuwa fasheni mpya kwa watu weusi, wakubwa kwa wadogo, na kila mmoja alitaka aonekane nayo. Jane alimweleza mwanawe wazi kwamba hana fedha za kofia ya dukani. Kisha akachukua vipande viwili vya kitambaa kigumu cha kufumwa nyumbani, akaviunganisha kwa sindano, na mtoto akapata kofia yake ya kwanza. Wenzake walimcheka. Miaka mingi baadaye, akiwa amemiliki kofia za kila aina, aliandika kwamba hakuna aliyoionea fahari kama ile, kwa sababu mama yake alikuwa na uthabiti wa kutojifanya asichokuwa na wa kukataa kuingia kwenye deni ili awaridhishe watu.

Tazameni alichokifanya mama huyu, kwa utaratibu. Hakumkaripia mtoto kwa kutamani kofia. Hakumwambia kofia ni upuuzi. Hakukopa. Hakudanganya kwamba fedha itapatikana wiki ijayo. Alimwambia ukweli wa mfuko wao, kisha akakaa chini na kuifanya kazi kwa mikono yake. Mtoto alipata kofia na alipata sababu kwa wakati mmoja.

Wahenga wetu walishasema: nguo ya kuazima haisitiri matako. Hata hivyo, msimu wa mahafali ukifika tunaona wazazi wakikopa kwenye vikundi ili mtoto wa darasa la saba apate suti na raba za bei ya mahari. Wanadhani wanamkinga na aibu. Wanachomfundisha ni kwamba aibu ya kukosa nguo ni kubwa kuliko aibu ya kudaiwa, na funzo hilo atalikumbuka akiwa na mke na watoto. Malcolm X anasimulia katika kitabu chake cha mwaka 1965 jinsi alivyonunua kwa mkopo suti yake ya kwanza ya zoot mjini Boston, akiwa kijana mgeni wa mjini mwanzoni mwa miaka ya 1940: buluu ya mbingu, suruali yenye upana wa inchi 30 gotini na iliyobana hadi inchi 12 chini. Alikuwa na kiu ya kuonekana, na hakukuwa na mtu wa kumkalisha kitako na kumuuliza kiu hiyo imetoka wapi. Baba yake alikuwa amekufa akiwa bado mtoto mdogo, na mama yake alikuwa amelazwa hospitali ya wagonjwa wa akili. Nawaomba wazazi wamtazame kijana yule kwa huruma kabla ya kuitazama suruali yake.

Sababu ya kuomba hivyo ni kwamba watu wazima wana mtindo wa kukimbilia mkasi. Juni 1943, mjini Los Angeles, wanamaji na askari waliingia mitaani wakiwasaka vijana wenye suti za zoot, wengi wao wenye asili ya Meksiko, wakiwamo pia weusi na Wafilipino. Waliwapiga na kuwavua nguo hadharani, na waliokamatwa na polisi kwa wingi walikuwa vijana wenyewe. Mwaka 2007, mji mdogo wa Delcambre, Louisiana, ulipitisha adhabu ya faini hadi dola 500 au kifungo cha hadi miezi sita kwa anayeonyesha nguo yake ya ndani. Shreveport, jimbo hilohilo, ilikuwa na sheria yake dhidi ya suruali za kulegea hadi ilipoifuta mwaka 2019. Kwetu Tanzania, Umoja wa Vijana wa TANU uliendesha Operesheni Vijana kuanzia mwaka 1968, ikapiga marufuku sketi fupi, mawigi, krimu za kujichubua na suruali za kubana. Leo tunagombana juu ya suruali za kulegea. Suruali imebadilika kimo na upana, na njia yetu ya kulea imebaki ileile ya marufuku.

Mlegezo, au kata K kama vijana wanavyouita, husimuliwa kuwa ulitoka magerezani Marekani, ambako wafungwa hunyang'anywa mikanda wasije wakajidhuru au kudhuru wengine. Mimi siupendi, na nadhani mzazi ana haki ya kusema haupendi na kutouruhusu nyumbani mwake. Lakini mwalimu anayekata suruali ya mwanafunzi mbele ya darasa, au mgambo anayemchania kijana stendi huku watu wakicheka, amefanya kile walichofanya wanamaji wa Los Angeles. Anachokipata mtoto pale ni fedheha, na fedheha haijawahi kumfundisha mtu kujistahi.

Lipo kosa jingine, la upole zaidi na kwa hiyo la hatari zaidi: kumwambia kijana kwamba akivaa vizuri dunia itamheshimu. Wengi tuliambiwa hivyo na tunarudia. Kwa mtoto mweusi, historia haikubali ahadi hiyo. Tarehe 12 Februari 1946, Isaac Woodard, sajenti aliyetoka vita vya Pasifiki, aliachiwa rasmi na jeshi na kupanda basi kurudi nyumbani akiwa na sare yake. Huko Batesburg, South Carolina, mkuu wa polisi alimpiga hadi akampofua macho yote mawili, na mahakama yenye wazee wa baraza weupe watupu ikamwachia polisi huyo. Nguo gani ingekuwa ya heshima kuliko sare ya nchi ileile? Mwaka 1963, mjini Jackson, Mississippi, watu waliokaa kwa nidhamu kwenye kaunta ya mkahawa kudai haki walimwagiwa sukari, tomato sosi na haradali juu ya nguo zao safi. Mwaka 2012, Trayvon Martin, mwenye miaka 17, aliuawa huko Sanford, Florida, akitoka dukani, na wapo waliosema hadharani kwamba sweta lake lenye kofia lilichangia. Aliyempiga risasi aliachiwa huru mwaka uliofuata.

Familia za Waswahili wanaolea watoto Minneapolis, Columbus au London wanalijua hili kwa undani kuliko sisi tuliobaki. Wajibu wao ni mzito: kumwambia kijana avae kwa uangalifu kwa sababu hatari ipo, na papo hapo kumwambia kwamba akidhulumiwa, nguo yake haikuwa kosa. Mambo hayo mawili yasemwe pamoja, siku hiyohiyo. Likisemwa la kwanza peke yake, mtoto atajilaumu kwa dhuluma ya watu wengine.

Wanaharakati wa haki za weusi wa Marekani wa miaka ya 1960 walituonyesha namna ya kuyashika yote mawili. Tarehe 1 Februari 1960, wanafunzi wanne wa mwaka wa kwanza wa chuo cha North Carolina A&T waliketi kwenye kaunta ya weupe pekee katika duka la Woolworth mjini Greensboro, wamevaa nadhifu, wakaagiza kahawa, wakanyimwa, wakabaki wamekaa. Unadhifu wao haukuwa ombi la kupendwa. Ulikusudiwa kumnyima mpinzani kisingizio. Miaka michache baadaye, vijana wa harakati hizohizo waliokwenda vijijini Mississippi kuwaandikisha watu kupiga kura waliacha suti, wakavaa ovaroli za jinzi za wakulima, ili mkulima asiwaone kama wakubwa waliokuja kumwamuru. Nguo zilikuwa tofauti kabisa, na nyuma ya kila moja kulikuwa na fikra. Mwaka 1968, wazoa taka wapatao 1,300 wa Memphis waligoma, na mabango yao yalitangaza tu kwamba wao ni wanaume, ni watu. Mabango hayo hayakutaja nguo.

Basi mzazi afanye nini? Binti akivunja ungo, pwani yetu humtafutia somo wa kumfunda, na kujisitiri na kujipamba ni sehemu ya mafunzo. Mvulana akishatoka jandoni huachiwa simu na wenzake wa kijiweni. Pengo hilo linahitaji watu: baba, mjomba, kaka mkubwa, babu, au jirani mwema pale ambapo baba hayupo. Mvulana wa miaka kumi na miwili afue shati lake mwenyewe, apige pasi kola kabla ya mgongo, ajue kushona kifungo kilichong'oka. Aende kwa fundi cherehani asimame apimwe mabega, kifua na urefu wa mguu, asikie fundi akieleza kwa nini bega likipita kipimo koti zima huharibika. Mtoto aliyeshika sindano hadharau kazi ya mikono iliyomvisha, na anajua bei ya kitu kabla ya kukidai.

Akiwa amekaa hapo anapiga pasi, asimuliwe. Asimuliwe Equiano na pauni zake nane, John na shati la miiba, Jane na vipande viwili vya kitambaa. Na akija nyumbani siku moja na vazi tusilolipenda, tumuulize kwanza: amelipenda kwa nini, amelipata kwa fedha ya nani, anataka aonekane nani ndani yake. Tumsikilize hadi amalize, ndipo nasi tuseme la kwetu, pamoja na kukataza palipo pa kukataza. Marufuku inayokuja baada ya mazungumzo mtoto huibeba. Inayokuja kabla yake huivua kona ya kwanza.

Kisha ibaki ahadi moja ambayo kila mvulana aisikie kwa mdomo wa mzazi wake kabla hajaisikia dunia. Wazazi wa Trayvon Martin, wiki chache baada ya kumzika, walisimama New York katikati ya umati uliovaa masweta yenye kofia, wakamtetea mtoto wao mbele ya nchi iliyokuwa ikijadili nguo yake. Hawakuanza kwa kuomba radhi kwa alichovaa. Mwana akifedheheshwa kwa sababu ya mavazi yake, awe amekosea au hakukosea, mzazi asimame upande wake kwanza mbele ya watu, na la suruali walimalize nyumbani. Kijana aliyehakikishiwa hivyo atakubali kusahihishwa, kwa kuwa anajua anayemsahihisha hakuwahi kuwa na shaka juu ya utu wake.